Alichoomba Yule Mzee Ukutani

Kila mwaka baridi ya kweli inapoingia nawasha hita ya umeme kwa mara ya kwanza, na vumbi lililolala juu yake kiangazi kizima huanza kuungua. Wengine hufungua dirisha. Mimi huvuta kiti karibu. Harufu ile kavu, tamu kidogo, kama karatasi iliyosogezwa karibu mno na mshumaa, ndiyo harufu ya projekta ya Mzee Lothar, na ya sebule yake yenye mapazia mazito kule Queensbury, na ya likizo zote za shule nilizokaa pale kwa sababu Mama hakuwa na mahali pengine pa kuniacha.

Sisi tulikaa Stratford. Asubuhi tulipanda treni ikiwa tupu, nikachagua kiti cha pembeni, na treni ikatuzamisha chini ya mto na chini ya jiji zima kabla ya kuibuka juani upande wa pili, ambako nyumba zilikuwa fupi na kila duka lilikuwa na mihogo na bamia mbele ya mlango. Mama alipapenda Queensbury kwa sababu ya mihogo hiyo. Mimi nilipapenda kwa sababu nyingine ambayo sikumwambia mtu: niliamini kwamba mama yangu alikuwa askari magereza.

Ushahidi nilikuwa nao. Kwenye ukuta wa nje, karibu na mlango wa Mzee Lothar, palikuwa na kisanduku cha chuma chenye namba. Mama alibonyeza namba hizo akiwa amezikinga kwa kiganja, kisanduku kikafunguka, akatoa ufunguo, akafungua mlango. Ndani alikuwapo mzee mrefu, mweupe kama unga, anayekaa kwenye kiti kimoja kutwa nzima. Mama alimwamsha, akamwogesha, akamvisha, akamlisha, akahakikisha amemeza dawa zake. Tukiondoka alifunga mlango na kuurudisha ufunguo kwenye kisanduku. Leo najua kwamba wazee wengi wa London wana kisanduku kama kile, ili mtunzaji aingie bila wao kulazimika kuinuka. Wakati ule nilijua jambo moja tu: mtu anayefungiwa kwa nje ana kosa.

Na kosa lake nililiona kwa macho yangu. Mchana, baada ya supu, Mzee Lothar alimwomba Mama afunge mapazia na kuwasha projekta, na ukutani, juu ya rangi iliyochubuka, akatokea yeye mwenyewe akiwa kijana. Amevaa glavu nyeusi. Anamsukuma mwanamke kwenye ngazi. Siku nyingine anamnywesha mjomba wake sumu, halafu anakimbilia milimani na kuteleza na kuanguka korongoni, kofia yake ikimfuata polepole. Taa ikiwashwa, yuko pale pale kwenye kiti, anaomba sukari zaidi.

"Mama," nilisema jioni moja nyumbani, "kwani ameua watu wangapi?"

"Nani?"

"Mzee Lothar."

"Kula wali wako."

Basi nikamuuliza mwenyewe. Alinitazama kwa makini, kama mtu aliyeulizwa swali la kitaalamu.

"Kwa kisu au kwa bastola?" akasema. Tulizungumza Kiingereza, chake kikiwa na kokoto ndani yake.

"Vyote."

Akacheka mpaka akakohoa. Halafu akanieleza kwamba ile ilikuwa kazi, kwamba huko kwao Ujerumani, baada ya vita, watu walikuwa wamechoka na walitaka kukaa gizani na kutazama milima na madaktari wazuri, na yeye alikuwa na pua inayofaa udaktari. Baada ya miaka michache pua ikafaa uuaji. Kisha ikaja televisheni, na pua ikafaa upelelezi. Ili nisadiki, akanionyesha namna ya kufa. Alishika kifua, akanyoosha mkono mmoja kuelekea dirishani, macho yakapanda juu, kichwa kikaanguka upande. Ilikuwa kazi safi sana. Mama aliingia wakati huohuo na sinia la chai.

Sinia lilifika chini kabla ya ukelele wake.

"Mzee! Wallahi ukinifanyia hivyo tena nitakufa mimi kabla yako!"

Jirani, Mama Kokila, aliusikia ukelele huo kutoka bustanini kwake. Alikuwa Mhindi mzaliwa wa Mombasa, mfupi, mwenye sauti ya kuuzia samaki, na alituzungumzia Kiswahili juu ya uzio kila tulipokwenda kutupa taka.

"Dada! Huyo mzungu wako amekufa?"

"Bado, mama. Anafanya mazoezi."

"Ah! Basi mwambie apunguze, mimi nina presha."

Hivyo ndivyo, mkanda baada ya mkanda, nilivyoyasoma maisha ya Mzee Lothar ukutani. Nilimwona akinenepa na kukonda, akioa wanawake tofauti, akipata na kupoteza masharubu. Halafu, katika mikanda ya baadaye, hakuonekana kabisa. Jina lake lilipita mwanzoni, peke yake, herufi kubwa, kisha zikaja nyuso za watu wengine. Nilitazama kila kona ya picha, nyuma ya kila mlango.

"Ulikwenda wapi?" nikamuuliza.

"Nyuma ya kamera," akasema. "Nikawa mwongozaji. Ni yule anayewaambia wengine wasimame wapi na walie saa ngapi."

Nilitaka kujua mtu anahamaje kutoka mbele kwenda nyuma. Alimtazama Mama, aliyekuwa amepiga magoti akimvisha soksi, akamtazama kwa muda mrefu kidogo kuliko kawaida.

"Wewe unatoka Tanga," akamwambia.

"Natoka Tanga, mzee. Nilikuambia siku ya kwanza."

"Najua. Nimekuwa nikijipa moyo tangu siku hiyo."

Akanituma chumbani nikavute boksi la bati chini ya kitanda. Ndani mlikuwa na mkanda mmoja tu. Kabla hatujauwasha akatusimulia, na alisimulia kama mtu aliyewahi kuisimulia hadithi ile mbele ya watu wengi, anajua pa kupumua.

Alikwenda Tanganyika akiwa kijana, katika kundi la wapiga filamu, kuigiza daktari anayekiacha kijiji alichokitibu. Walipiga kambi mbali na mji, chini ya milima, juu ya Korogwe. Mwongozaji wao akashikwa na homa, akalala hemani akiongea na ukuta wa turubai. Mwenye filamu alimnyooshea kidole Lothar: wewe, ongoza. Alikuwa hajawahi kumwongoza hata mbwa. Onyesho la siku hiyo lilikuwa la mzee wa kijiji anayemsihi daktari asiondoke. Mzee mwenyewe walimpata palepale, mtu wa vijiji vya jirani aliyekuja kutazama. Maneno ya kusema hakuandikiwa, kwa sababu hakuna aliyeona haja. Lothar alimwita dereva wa lori lao, aliyejua Kijerumani cha kuokoteza, akampa maagizo.

"Nilimwambia: mwambie mzee aniombe. Aniombe chochote, kwa lugha yake, lakini aniombe kwa moyo wake wote."

Na yule mzee aliomba. Aliomba hivi kwamba mpiga picha alisahau kuvuta sigara yake. Lothar akamwambia arudie, kwa sababu wingu lilipita. Akarudia, akiomba vizuri zaidi. Kisha kamera ikakwama, akarudia tena. Mara ya mwisho ndiyo iliyotumika. Huko Ujerumani mafundi wa sauti walitaka kumfunika kwa sauti ya mwigizaji wa kwao, kama ilivyokuwa desturi, lakini Lothar alikataa, akagombana nao, akashinda. Sauti ikabaki. Filamu yenyewe ilikuwa ya kipuuzi, alisema, ila onyesho lile lilizungumzwa. Watu wa televisheni waliuliza ni nani kijana huyu anayejua kumtoa machozi mtu ambaye hajawahi kuona kamera. Wakampa tamthilia ya kwanza, ya pili, na nyingine zote.

"Kila nilichofanya baadaye kimesimama juu ya dakika ile," akasema. "Na mpaka leo sijui anasema nini."

Mama aliacha soksi nusu mguuni.

"Hujawahi kuuliza?"

"Niliogopa. Labda anahesabu mbuzi wake. Labda ananitukana na kulia kwa kicheko." Alijaribu kutabasamu. "Sasa daktari wa kweli ameniambia moyo wangu hautafika mbali. Nataka kujua kama niliongoza kitu siku ile, au nilipata bahati tu ya mzee mwenye kigugumizi cha machozi. Kama anasema ovyo, usiniambie. Kama anaomba, niambie."

Mama akafunga mapazia. Projekta ikanguruma, vumbi likaanza kuungua, na ukutani pakatokea majani marefu na anga jeupe. Daktari kijana amesimama na mkoba. Mbele yake mzee mwembamba, koti la kaki limemzidi mabega, mikono ameikunja mbele kama mtu anayeingia ofisini. Sauti yake ilikuja na mikwaruzo, lakini ilikuja.

"Mwanangu, nimeambiwa nikuombe chochote. Basi naomba. Sitaki hela, sitaki nguo. Binti yangu ameshikwa na uchungu tangu jana alfajiri, mtoto hatoki, wakunga wameshindwa. Gari ni hilo lenu peke yake. Tupeni gari tumfikishe hospitali. Nimekuomba asubuhi, na sasa nakuomba tena. Mwanangu, na wewe una mama."

Daktari alishusha macho, akavaa kofia yake, akaondoka.

Mama alisimama gizani, nguo ya kufutia vumbi mkononi. Mzee Lothar hakutazama ukuta. Alimtazama yeye.

"Mashine ina kelele," akasema Mama. "Sikusikia vizuri. Tutajaribu kesho."

Kwenye treni ya kurudi sikuweza kukaa kimya. Treni ilipozama tena chini ya jiji, nikasema:

"Mbona mimi nimesikia?"

"Umesikia nini?"

"Kwamba binti yake ana uchungu. Alikula nini?"

Mama alicheka bila kutaka, akanivuta karibu, akanieleza uchungu wa mwanamke ni nini, polepole, kwa sauti ya chini, ingawa hakuna mtu behewani aliyejua Kiswahili. Yule mzee hakuwa akiigiza. Alikuwa ameambiwa aombe chochote, akadhani ni kweli.

"Utamwambia?"

"Amesema nimwambie kama anaomba." Alitazama dirishani, ambako palikuwa na giza la handaki na sura zetu sisi wawili. "Anaomba. Ila sicho alichotaka kusikia. Nikimwambia, nimeuchukua ule ujana wake wote nimeutupa. Nisipomwambia, yule baba amesema vile bure, miaka yote hii, mbele ya watu wote hao." Akanigeukia. "Na mimi sasa nataka kujua kitu kingine kabisa. Yule binti alijifungua?"

Nami sikutaka kujua kitu kingine chochote duniani.

Kesho yake, kabla ya kubonyeza namba za kisanduku, Mama alikwenda kwanza kwenye uzio.

"Mama Kokila, mtu akikuuliza jambo litakalomuumiza, unamjibu?"

Alimweleza yote. Mama Kokila alisikiliza huku akichuma majani ya mchuzi kwenye kichaka chake, kisha akaja juu kama maziwa.

"Mimi nakaa hapa pua kwa pua na yeye! Miaka yote ananiuliza mvua itanyesha, mvua haitanyesha. Kiswahili changu ameona cha mvua tu? Angeniuliza ningemwambia siku hiyohiyo, na chai juu." Akamkabidhi Mama majani machache juu ya uzio. "Mwambie, dada. Mzee kama yule hatafuti kubembelezwa, anatafuta kujua."

Ndani, Mama alifanya kitu ambacho sijawahi kumwona akikifanya kazini: alikaa. Alivuta stuli, akakaa mbele ya Mzee Lothar magoti kwa magoti, na akamweleza maneno ya yule mzee moja baada ya jingine, kwa Kiingereza chake cha taratibu. Hakuongeza wala kupunguza. Alipofika kwenye "mwanangu" alisita kidogo.

"Alikuita mtoto wake," akasema. "Kwetu mtu mzima akikuita hivyo anakupa nafasi ya kufanya jambo jema."

Mzee Lothar alikuwa ameshika mikono ya kiti. Uso ule ulioweza kufa kwa namna zote sasa haukuonyesha kitu.

"Kwa hiyo hakuigiza," akasema mwishowe.

"Hakuigiza, mzee."

"Nami nikamwambia arudie, kwa sababu ya wingu."

Sikuweza kuvumilia, nilikuwa mtoto, na swali nilikuwa nalo tangu kwenye treni.

"Gari mlimpa?"

"Hapana," akasema. "Hatukumpa mtu. Hatukujua." Halafu akakunja uso. Vidole vyake vikaanza kugonga kiti. "Lakini lori halikuwapo asubuhi. Asubuhi iliyofuata. Ngoja. Tulikaa kambini na mashine zetu bila pa kuzipakia. Dereva alikuwa ameondoka nalo jioni bila kumuaga mtu. Mwenye filamu alipiga kelele mpaka sauti ikamkauka. Jua lilipopanda dereva akarudi, anacheka, na kitini pembeni yake amefunga kuku. Akashuka, akampita mwenye filamu, akaja kwangu, akanipa yule kuku. Kwa mikono miwili. Tulidhani anatuhonga ili tusimfukuze."

Mama alikuwa ameweka kiganja mdomoni.

"Alikupa wewe? Mkononi?"

"Mimi. Nilikuwa nimevaa koti la daktari. Kuku alinichafua."

"Mzee Lothar!" Mama alisema, na sauti ilimpanda kama anamwita mtu ng'ambo ya barabara. "Dereva wa lori kambini anatoa wapi kuku? Kuku huyo ni wa yule baba! Alikuomba gari, gari likaja, akakutumia shukrani. Dereva ndiye aliyekutafsiria, alisikia kila neno. Alikwenda akijua mwenyewe, na kule akasema ametumwa na wewe. Ndivyo watu wanavyofanya. Huwezi kufika na gari la watu ukasema umeliiba."

"Lakini mimi sikujua!"

"Wao hawajui kwamba hukujua."

Mzee Lothar alimtazama kana kwamba Mama amemsomea hukumu katika lugha ambayo hajaamua kama anaielewa.

"Na binti?" akauliza. Alikuwa anauliza kwa mnong'ono.

"Wangekuwa na msiba wasingeshughulika kukukamatia kuku."

Mzee Lothar akainamisha kichwa. Mabega yalimtikisika, na nilimwangalia sana, kwa sababu nilishamwona akilia mara nyingi ukutani na nilijua namna zake zote. Hii haikuwemo. Alipoinua uso alikuwa anacheka na analia, na kamasi zilimtoka, na hakujali pua yake inaonekanaje.

"Tulimla," akasema. "Mpishi alimkaanga. Sikumwambia mtu asante."

"Kuku huliwa, mzee. Ndiyo kazi yake."

"Kwenu mtu akiletewa kuku kama huyo husema nini?"

Mama akafikiri. "Huuliza hali. Husema, 'Mama na mtoto hawajambo?'"

Mzee Lothar akamwomba ayarudie maneno hayo. Akayatia mdomoni pole pole, akiyageuza, akikosea, akiomba asahihishwe, mwigizaji wa zamani anayepokea maneno mapya. Na mimi nikamsahihisha pia, kwa ukali, maana niliona jambo hili halipaswi kuharibiwa. Aliporidhika akaniashiria nifunge mapazia na kuwasha projekta. Nilikuwa sijawahi kuruhusiwa kuigusa. Taa yake ilinipiga usoni kwa joto.

Majani marefu. Anga jeupe. Mzee akaomba alichoomba, na safari hii sote watatu tulimsikiliza kama watu waliotumwa kwake. Daktari kijana alivaa kofia, akageuka, akatoka kwenye picha. Kamera ikabaki na mzee peke yake.

Mzee Lothar alijivuta mbele mpaka nikaogopa ataanguka kitini.

"Mama na mtoto hawajambo?" akasema, kwa sauti ya wazi, iliyofika ukutani.

Yule mzee alijifuta uso kwa mkono wa koti. Siku ya kwanza nilikuwa namtazama daktari anayeondoka. Nadhani kila mtu aliyewahi kuliona onyesho lile alimtazama daktari. Sasa niliona kwamba macho ya mzee hayakumfuata. Yalikwenda upande mwingine, nje ya picha, kwa mtu ambaye kamera haikumwonyesha, na yakakaa pale. Kisha kidevu chake kikashuka kidogo, kama mtu aliyejibiwa "Haya," na machozi yakakoma.

"Hapo," akasema Mzee Lothar, kidole kikiwa kwenye mwanga wa projekta, kivuli chake kikigusa bega la yule mzee. "Hapo anamtazama dereva."